Fungua Mdomo Nione

Mama Chiriku alikalishwa kwenye kiti cha mwanafunzi, magoti yakampanda hadi kifuani, kwa kuwa ofisini mle kiti cha mtu mzima kilikuwa kimoja tu na mwalimu alikuwa amekikalia. Aliitwa akiwa katikati ya kazi. Kipande cha uzi wa cherehani kilikuwa bado kimemzunguka kidoleni, naye akawa anakizungusha tu, hana pa kuweka mikono.

"Mzazi, sikukuita kwa ubaya," mwalimu alisema, akamsukumia daftari. "Tazama mwenyewe."

Mama alitazama. Tano kujumlisha tatu, mtoto ameandika saba. Nne mara mbili, saba. Kumi kutoa tano, nne. Ukurasa mzima ulikuwa na mikato ya kalamu nyekundu.

"Amekosa yote," alisema taratibu.

"Kukosa ningekuelewa. Watoto hukosa huku na huku, mara wazidishe, mara wapunguze. Huyu kila jibu lake limepungua moja. Kila jibu! Miaka kumi na tisa nashika chaki, sijaona mtoto anayekosa kwa usahihi namna hii."

Chiriku alikuwa amesimama karibu na mlango, miaka tisa, soksi moja juu moja chini. Jina hilo walimpa kwa sababu ya maneno mengi, ingawa mwezi huu maneno yalikuwa yamepungua. Mwalimu alimwita mezani, akamwagia vifuniko vya soda.

"Hesabu, mama yako asikie."

Mtoto hakuhesabu kwanza. Aligeukia upande wa meza usiokuwa na mtu, akafungua mdomo wote, ulimi nje, kama aliyeambiwa hivyo na daktari. Akakaa hivyo kidogo. Kisha akaufunga, akaanza kugusa vifuniko kimoja kimoja.

"Vingapi?"

"Kumi na kimoja."

"Umegusa vingapi?"

"Kumi na viwili."

"Sasa?"

"Kimoja hakijarudi, mwalimu."

Mwalimu alimtazama mama kwa jicho la kusema, umesikia mwenyewe. "Na hayo ya mdomo ndiyo yaliyonimaliza. Nusu ya darasa sasa wanayaiga. Nikiuliza swali napata safu nzima ya vinywa." Alivuta droo, akatoa karatasi. "Kuna shule ya bweni ya watoto wenye akili nzito. Ni mbali, safari ya siku nzima. Jumatatu ofisi ya elimu inaleta mtu wa kuwapima. Akikosa hivi mbele yake, fomu hii itapigwa muhuri, na hapo mimi sina sauti tena."

"Mwalimu, huyu ndiye mtoto wangu wa pekee."

"Najua, mzazi. Nyumbani anafanya nini akitoka shule?"

"Anacheza mdako. Peke yake, hasumbui mtu."

"Basi mwondoeni kwenye mchezo. Mchezo haujawahi kumfundisha mtu hesabu."

Mama Chiriku aliinuka, na kile kiti kikainuka naye, kimembana. Ilibidi mwalimu akishike ndipo atoke. Mtoto hakucheka. Hilo nalo mama aliliona.

Siku hiyo aliporudi alisimama dirishani na kutazama, maana mpaka hapo alikuwa akisikia tu kokoto zikigongana huku yeye akishona, akashukuru kwamba mtoto ametulia. Mtu aliyeelemewa na kazi huushukuru ukimya bila kuuliza umetoka wapi.

Chiriku alikuwa amechimba shimo uani, saizi ya bakuli. Ndani mlikuwa na vijiwe, mkononi kimoja cha kurusha. Unarusha hicho juu, kabla hakijashuka unakumba vijiwe nje ya shimo, unadaka. Unarusha tena, unarudisha vyote shimoni isipokuwa kimoja. Mzunguko unaofuata unabakiza viwili, kisha vitatu, hadi viishe. Ukikosa kudaka, au ukibakiza vingi au vichache kuliko inavyotakiwa, zamu inakwenda kwa mwenzako. Ni mchezo wa zamani, kila mtu anaujua, hata mama aliucheza.

Mtoto alicheza zamu yake hadi akakosa. Akaweka kile cha kurusha upande wa pili wa shimo, pale pasipokuwa na mtu, akakunja mikono mapajani, akasubiri. Macho yake yakapanda na kushuka. Yakapanda na kushuka. Muda ule ulikuwa sawasawa na muda wa zamu ya mtu, hauzidi. Kisha akaguna, akapiga paja kwa kiganja.

"Umenishinda tena!"

Mama aliondoka dirishani akaenda chumbani kwa mama mkwe wake. Bibi alikuwa na wiki ya tano kitandani kwa maumivu ya nyonga, hakuwa ameona ua tangu alale.

"Mama, mtoto anacheza peke yake, na anashindwa."

"Anashindwa na nani?"

"Ndiyo ninalouliza."

Bibi alicheka. "Wewe cherehani imekuingia kichwani. Mtoto akicheza peke yake lazima mmoja ashinde na mmoja ashindwe, wote ni yeye."

"Na kabla ya kucheza anafungua mdomo. Anaachama, hivi. Shuleni pia. Kama anamwonyesha mtu kwamba hana kitu ndani."

Bibi alikuwa ameshika kikombe cha uji. Alikiweka chini taratibu sana, na bado kikagonga.

"Niitie mtoto," akasema. "Wewe nenda ukamalizie mashati ya watu."

Chiriku aliingia na vumbi lake, akakaa ukingoni mwa kitanda. Bibi alimfuta magoti kwa ncha ya shuka, akachukua muda mrefu kuliko vumbi lilivyohitaji.

"Mjukuu wangu, nani kakufundisha kufungua mdomo kabla ya zamu?"

"Si ndiyo sheria?"

"Sheria ya nani? Mama yako hakucheza hivyo. Hakuna anayecheza hivyo."

"Yule wa upande wa pili. Amesema wa kwanza niliyekuwa nacheza naye alificha kijiwe mdomoni, ndiyo maana siku hizi lazima nione. Yaani aone." Mtoto alijikuna shingo. "Vilikuwa kumi na viwili. Sasa hata tukihesabu vipi ni kumi na kimoja, Bibi. Kimoja hakijarudi."

"Anafananaje?"

"Kama mimi. Ana pengo hapa." Akagusa meno ya juu. "Lile la kung'oka. Siyo kama lako."

Bibi aliuma midomo.

"Bibi, kwani wewe ni mdogo?"

"Mdogo wapi na mvi hizi?"

"Yeye anakuita mdogo wangu. Anasema, mdogo wangu amelala humo ndani, hajambo?"

Ilikuwa imepita zaidi ya miaka sitini tangu mtu yeyote duniani amwite bibi yule mdogo wangu. Wale aliokuwa mdogo kwao wote walishazikwa. Alimwambia mtoto aende akanawe. Alipobaki peke yake alijaribu kuomba, na akafika mahali pa kusema Mungu wangu ni shahidi, akanyamaza, kwa sababu neno hilo kwake lilikuwa na mlango nyuma yake.

Jioni mwanawe, fundi mwashi, alirudi na saruji kwenye nyusi. Kabla hajavua viatu mama yake alimwita.

"Wewe unawasakafia watu nyua zao kila siku. Sisi tunameza vumbi."

"Mama, ni miaka minane unaniambia ngoja, maua yangu, ngoja, kuku wangu. Leo kulikoni?"

"Maua yamekufa, kuku mmekula. Sakafia. Kesho kutwa Jumamosi huna kazi. Mwaga zege ua mzima, usiache hata pa kusimama kisigino."

Fundi alimtazama mkewe. Mkewe alikuwa ameshika fomu ya mwalimu.

"Na mwalimu amesema tumwondoe kwenye mchezo," mama Chiriku akasema. Kwa hiyo kila mmoja alikuwa na sababu yake, na sababu zote zilielekea shimo moja.

Jumamosi fundi alimwaga. Jirani, mwanamke wa kuuza mkaa, alikuja kuegemea ukuta.

"Alhamdu! Leo fundi kajikumbuka! Mganga kajitibu mwenyewe!"

"Shemeji, ukikanyaga hapa unalipa."

"Nikanyage niache mguu wangu humo? Huu mguu ndio mtaji."

Walicheka. Chiriku alisimama kizingitini, hakucheka wala hakulia. Baba yake alipofika kwenye shimo alipiga magoti.

"Chukua vijiwe vyako, mama. Utachezea mahali pengine."

"Siyo vyangu peke yangu."

"Haya, mwenzio atavifuata humohumo." Fundi alisema hivyo kwa utani. Alivihesabu, maana fundi huhesabu kila kinachoingia kwenye zege, hata bila kujua kwamba anahesabu. Kumi na kimoja, na kile cha kurusha pembeni, ambacho alikitia mfukoni. Akapitisha mwiko. Ua ukawa laini, wa kijivu, kama uso wa mtu aliyeambiwa anyamaze.

Jumapili walitoka kwenye ibada, wakala. Mama alikuwa anapanga vyombo alipoona kiti cha mtoto kitupu. Alimkuta uani. Alikuwa amekaa juu ya saruji mbichi, miguu imekunjwa, pale hasa palipokuwa na shimo, ingawa hapakuwa na alama yoyote. Mdomo wake ulikuwa wazi.

"Chiriku, inuka, unaharibu kazi ya baba yako."

Hakugeuka. Mama alikwenda mbele yake. Macho ya mtoto yalikuwa yanaona, yalimfuata kidogo, kisha yakarudi pale mbele. Mate yalikuwa yanashuka kidevuni.

"Funga mdomo, mwanangu."

Hakufunga. Mama akamshika kidevu, akasukuma. Taya lilikuwa gumu kama la mlango uliovimba kwa mvua. Akasukuma kwa mikono miwili, kisha akaogopa nguvu zake mwenyewe, akaacha.

"Baba Chiriku! Njoo! Njoo uone!"

Fundi alikuja, akajaribu kumbeba. Mtoto alipoinuliwa tu kutoka pale alitoa sauti, si kilio, ni sauti moja ndefu isiyo na pumzi, na fundi akamrudisha chini haraka kama aliyeshika chuma cha moto. Sauti ikakatika. Mdomo ukabaki wazi. Inzi alikuja, akatua mdomoni, akaondoka.

Jirani alikuwa amesikia. "Hilo si la hospitali," alisema kutoka ukutani, na safari hii hakuwa na utani. "Hilo, jamani, mtafuteni mtu wa maombi."

"Tafuteni gari," mama Chiriku alilia. "Tafuta gari, mtoto atakauka!"

Saa nzima ikapita hivyo, jua kichwani, mama ameshika mwavuli juu ya mtoto, fundi anapiga simu kwa mtu mwenye gari ambaye hapokei. Ndipo wakasikia kitu kinaburuzwa ndani ya nyumba.

Bibi alitokea mlangoni. Wiki tano alikuwa hajasimama. Mkono mmoja ulishika ukuta, mwingine uliburuza mfuko wa zana wa mwanawe.

"Mama, rudi kitandani!"

"Nipe tindo. Hii ndiyo tindo?"

"Mama, unafanya nini?"

"Nimesema usakafie, sasa nasema ubomoe. Au nibomoe mimi?"

Hakungoja. Alishuka magotini kando ya mjukuu wake, nyonga ikalia, yeye hakulia. Akaweka tindo, akagonga kwa nyundo pigo moja dhaifu. Fundi akamchukulia nyundo. Zege la siku moja halina ubishi. Mapigo manane, akafungua tundu la kuingiza mkono, vumbi jeusi likaonekana chini.

"Basi," bibi alisema. "Sasa nisikilizeni, na nikisema msinikatize, kwa sababu nikikatizwa sitasema tena."

Alijisogeza mpaka akakaa bega kwa bega na mtoto, akitazama kule mtoto alikokuwa anatazama.

"Nilikuwa na miaka sita. Dada yangu tisa. Yeye ndiye aliyenifundisha kuhesabu, kwenye shimo kama hili, mbali na hapa, siku hizi pamejengwa. Kwetu hakukuwa na shule ya wasichana, shimo ndilo lilikuwa shule. Moja, mbili, kusubiri zamu, kukubali umeshindwa, vyote nilivipata hapo. Siku moja nilichoka kushindwa. Nikaficha kijiwe shavuni. Akahesabu, kumi na kimoja. Akaniambia, fungua mdomo nione. Nikatikisa kichwa. Akasema, basi apa. Nikaapa."

"Uliapa vipi na kijiwe mdomoni?" fundi aliuliza kabla hajajizuia.

"Kwa kidole. Nilikiinua juu hivi. Kwa Mungu." Aliinua kidole. "Akasema, haya, mimi nitasubiri mpaka ufungue. Usiku ule akashikwa na homa. Siku nne. Mimi nikaogopa kufungua mdomo, nikidhani akiona atakasirika, ataugua zaidi. Nilikula kwa upande mmoja. Siku ya kumzika watu walisema, tazameni mtoto alivyofungwa mdomo na uchungu. Wakanisifu. Wakanibeba. Na mimi pale kaburini, walipoanza kumwaga udongo, nikakimeza."

Mama Chiriku alikuwa ameshusha mwavuli bila kujua.

Bibi alifuta uso kwa kiganja. Akatazama mahali pale patupu, ng'ambo ya tundu, kama mtu anavyotazama uso.

"Dada," alisema, na sauti ikamtoka ndogo, si ya mwanamke mzima. "Nilikuwa nacho. Niliapa uongo. Mungu nimemwomba msamaha miaka yote, wewe sikukuomba hata siku moja. Haya. Tazama."

Akafungua mdomo. Ulikuwa mdomo wa kizee, meno matano, fizi zimepauka. Akaachama hadi mishipa ya shingo ikasimama. Walikuwa wawili sasa, bibi na mjukuu, midomo wazi, wakitazama upande mmoja. Kuku wa jirani aliyekuwa analia akanyamaza. Fundi baadaye alisema aliona vumbi pale ng'ambo likishuka, kama mtu aliyekuwa amechuchumaa kwa muda mrefu amekaa vizuri. Mkewe alisema yeye hakuona vumbi lolote, alihisi tu baridi kwenye vifundo vya miguu.

Kisha Chiriku alifunga mdomo. Alimeza mate, akakohoa, akajifuta kidevu kwa mkono wa gauni.

"Baba, nipe cha kurusha."

Fundi alipapasa mfukoni, akampa. Mtoto alirusha. Mkono wake uliingia kwenye tundu, ukakumba, ukatoka, ukadaka. Vijiwe vikamwagika juu ya saruji.

"Hesabu," bibi alisema. Alikuwa bado hajafunga mdomo sawasawa.

"Moja. Mbili. Tatu." Kidole kiligusa kila kimoja. "Tisa. Kumi. Kumi na kimoja." Kidole kikaendelea. "Kumi na viwili."

"Nilizika kumi na kimoja," fundi alisema. "Nilivihesabu kwa mkono wangu."

Kumi na kimoja vilikuwa na vumbi la udongo na saruji iliyokauka. Cha kumi na mbili kilikuwa cheusi, laini, kama kilichosuguliwa na maji ya mto, na kilikuwa kimelowa. Mama Chiriku alikigusa kwa ncha ya kidole. Kilikuwa cha moto kidogo, moto wa mwilini.

Jumatatu mtu wa ofisi ya elimu alikuwa mwanamke mwenye miwani na haraka. Alimpa Chiriku hesabu kumi, akasahihisha amesimama.

"Huyu ndiye mliyemwandikia fomu?"

"Ndiye, mheshimiwa," mwalimu alisema.

"Kumi kwa kumi. Mwalimu, fomu hizi si karatasi za kufungia vitumbua." Akampa mwalimu karatasi ile, naye akaikunja mara mbili, mara nne, hana pa kuiweka. Mama Chiriku alikuwa amesimama. Safari hii hakuwa amekubali kukaa.

"Nani amekufundisha?" mwanamke yule alimuuliza mtoto.

"Bibi."

"Bibi mzuri huyo. Mpe salamu zangu."

"Nitawapa," Chiriku alisema, na yule mwanamke alikuwa ameshaenda darasa lingine.

Fundi hakuziba tundu. Alilitengenezea ukingo wa duara kwa mwiko mdogo, kazi safi kuliko aliyowahi kumfanyia mteja yeyote, na jirani alipouliza ni bomba la nini hilo, alimwambia ni la kupitishia umbea. Bibi sasa hutolewa uani kila mchana, huwekewa mto, na mjukuu akirudi shule hukaa mbele yake. Yeye bibi ndiye anayefungua mdomo kwanza. Hakuna aliyemwambia afanye hivyo.

Mama Chiriku husikia akiwa kwenye cherehani. Amezoea. Inasikika zamu ya bibi, ya polepole, vijiwe vichache, kisha anakosa na kujilaumu. Inasikika zamu ya mtoto, ya harakaharaka. Kisha kunakuwa kimya, muda wa zamu moja kamili, hauzidi, na wala hakuna kati yao anayemharakisha mwingine. Mama Chiriku huondoa mguu kwenye kanyagio la cherehani mpaka muda huo upite. Halafu bibi hucheka, na kusema, "Haya, Dada, umetushinda," na zamu huanza tena kwa bibi.